Kikapu Kilichopungua

Wiki hii mmeuliza kama anayetaka kuongoza filamu aanzie kwenye kubeba nyaya na taa, au akalie kiti cha mwongozaji moja kwa moja. Nilitaka kujibu kwa neno moja, kwamba aanzie chini, maana nimeshika maiki miaka sita hapa Kampala na sipendi kuamrishwa na kijana aliyenunua kamera jana. Lakini linalonisumbua ni jambo jingine: kazi hizo humfanya nini mtu machoni?

Tulikuwa tukirekodi filamu katika mji wa Bombo, kwenye jiko la kuazima. Mwigizaji, mama wa makamo, alitakiwa aangue kilio akiambiwa kwamba mwanawe amefariki. Tulikwisha kupiga picha za mbali, kikapu cha matoke kikiwa kimejaa mbele yake, mvua ikaanza kupiga mabati. Aliyewahi kurekodi sauti chini ya mabati anajua kwamba hapo hakuna ujanja, ni kungoja tu. Tukangoja karibu muda wa saa tatu. Mama akachoka kukaa bure, akachukua kisu, akaanza kumenya matoke yale yale ya kwenye picha. Nilikuwa nimeyahesabu: kumi na mawili, yakabaki matano. Nikapaza sauti, "Mama, usiyaguse, picha hazitaungana!" Mwongozaji akaniambia, "Kaka, nyamaza." Mvua ilipokatika hakumwomba alie. Aliisogeza kamera karibu na mikono ya mama; mama akapewa habari ya msiba, akaendelea kumenya, maganda yakianguka, mpaka kisu kikasimama katikati ya ndizi. Mimi nimeinua mti wa maiki, mabega yanawaka, na hasira yangu yote iko kwenye kikapu.

Hata leo nikiitazama filamu ile naona kikapu kimejaa, kisha kimepungua. Shangazi yangu aliitazama pamoja nami, akafuta macho, akauliza kama yule mama alifiwa kweli.

Sidharau kazi ya nyuma ya kamera. Lupita Nyong'o alifanya kazi hiyo katika The Constant Gardener, iliyorekodiwa Kenya, na mwaka 2009 akaongoza In My Genes. Basi njia ipo. Lakini Nabwana, mwongozaji wa mtaa wa Wakaliga hapa Kampala, alikuwa mfyatua matofali, hakungoja kupandishwa cheo na yeyote, na filamu yake ya 2010, Who Killed Captain Alex?, imefika mbali kuliko zote nilizoshikia maiki.

Nilipoongoza filamu yangu fupi, nilimaliza asubuhi nzima nikiondoa kivuli cha waya ukutani, na waigizaji nikawaambia waseme tu kama walivyokariri. Sauti ilitoka safi sana. Shangazi alisinzia.

Kwa hiyo jibu langu, ambalo silo nililoanza nalo: aanzie chini, ila miaka miwili inamtosha, na wa pili aumalizie kwa mhariri, akaone ni makosa gani hubaki kwenye filamu bila mtu kuyajali. Haya nayasema kwa wengine. Mimi Jumatatu nimeitwa kushika maiki Jinja, na nimekubali.