Maswali ya Wasomaji: Kamera Tatu Mbele ya Jukwaa

SWALI: Nimepiga filamu za hali halisi kwa miaka miwili, nyingi ni mahojiano. Majuzi nilipewa tamasha la muziki, kamera tatu. Picha zina mistari inayopanda, uso wa mwimbaji umekuwa doa la buluu, na mdomo haulingani na sauti niliyoichukua kwenye kamera ya nyuma. Nimekosea wapi?

JIBU: Ndugu msomaji, mistari inatokana na taa zinazowaka na kuzima upesi kuliko jicho linavyoona. Penye umeme wa hezi 50 (mapigo 50 kwa sekunde) weka shata, yaani muda wa kamera kupokea mwanga kwa kila picha, kuwa 1/50 ya sekunde. Penye hezi 60, 1/60. Skrini za LED, zilizoundwa kwa vitaa vidogo vya kielektroniki, hazifuati hesabu hiyo. Fika wakati taa zinajaribiwa, elekeza kamera kwenye skrini, sogeza shata kidogo kidogo mpaka mistari itulie, kisha zipe kamera zote tatu kipimo hichohicho.

Buluu ya taa za LED hujaza rangi moja tu kati ya tatu ambazo kamera hunasa mpaka inafurika, na nyusi na mikunjo ya uso ikishapotea hivyo hairudi hata kwa kusahihisha rangi. Zima vipimo vya kujiendesha, kwani vikiona jukwaa jeusi huongeza mwanga na kuuchoma uso. Pima usoni, acha nyuma kuwe giza. Mwombe mapema fundi taa ambakizie mwimbaji mwanga mweupe kidogo kwa mbele.

Sauti ndiyo huwaponza waliozoea mahojiano, ambako maikrofoni iko kifuani mwa msemaji. Sauti husafiri takriban mita 340 kwa sekunde. Kamera ikiwa mita 34 kutoka kwenye spika, sauti inachelewa sehemu ya kumi ya sekunde: kwa video ya fremu (picha) 25 kila sekunde, ni fremu mbili na nusu, na mtazamaji anaona. Ya kamera itumie kulinganishia tu, tena ukikumbuka kuondoa ucheleweshaji huo. Sauti yenyewe irekodi kutoka meza ya fundi sauti, na uongeze maikrofoni mbili zinazoelekea watazamaji. Ya mezani peke yake ni kavu, haina makofi.

Kamera zisibadilishe kadi au betri kwa pamoja. Enzi za filamu ya milimita 16, mkanda wa futi 400 ulidumu dakika 11 hivi, ndiyo maana wapigapicha walipishana kuanza. Nanyi pishaneni.

Na tafadhali, zisikilize nyimbo kabla. Omba orodha yake, weka alama gitaa linapoingia peke yake, ili kamera ya upande huo iwe imeshatulia kwenye vidole, fokasi tayari, kabla noti ya kwanza haijapigwa.