Barua kwa mwanangu: sukari iliyolowa

Mwanangu mpendwa,

Barua yako nimeipata na nimeisoma mara mbili, mara ya pili nikiwa nimevaa miwani. Unasema umejaribu kupika crema catalana, ile krimu ya maziwa na viini vya mayai inayochomewa sukari juu, hapo kwako Girona, kabla ya kuipeleka kwa mama mkwe wako tarehe 19 Machi, sikukuu ya Mtakatifu Yosefu, ambayo kwa Wakatalani wengi, wenyeji wa huko Katalunya, Hispania, haijatimia bila bakuli hilo mezani. Usiku uliiacha nzito, na sukari uliyoichoma juu yake ilikuwa ngumu kama kioo. Asubuhi ukaikuta sukari imelowa na chini yake pana maziwa ya njano. Unauliza kama mayai yalikuwa mabovu. Mayai hayana kosa, mwanangu. Umekosea mahali pawili, na pote pawili nilipakosea mimi mwenyewe katika miaka yangu ya jikoni Barcelona.

Tuanze na uzito uliopotea. Umeniandikia kwamba uliepua sufuria mara tu mchanganyiko ulipoanza kushika kwenye mwiko, kwa kuwa ulisoma mahali kwamba viini vya mayai vikichemka hukatika. Maneno hayo ni ya kweli kwa krimu ya Wafaransa, crème brûlée, ambayo hupikwa kwa malai bila wanga na kuokwa taratibu katika oveni, vibakuli vikiwa vimekalishwa ndani ya maji ya moto. Ya Wakatalani ni ya maziwa, hupikwa juu ya jiko, na hutiwa wanga wa mahindi, ambao huvilinda viini visikatike hata sufuria ikitokota. Tena ni lazima itokote, kwa sababu ndani ya kiini cha yai mna kimeng'enya kiitwacho amilesi, ndugu wa kile kilichomo katika mate yetu, ambacho kisipouawa kwa moto huendelea kuuvunja wanga usiku kucha hata kama bakuli limo ndani ya friji. Umewahi kuona uji wa mtoto mchanga unavyogeuka majimaji kijiko kikitoka kinywani na kurudi bakulini. Yaliyokupata wewe ni hayo hayo.

Chukua lita 1 ya maziwa yasiyotolewa mafuta, viini 6, sukari gramu 150 na wanga wa mahindi gramu 40. Wanga nikisema simaanishi sembe. Namaanisha ule unga mweupe unaoteleza vidoleni kama poda, ambao huko utaukuta dukani kwa jina la Maizena. Kikombe kimoja cha maziwa kiache baridi ukoroge wanga humo. Yaliyobaki yachemshe pamoja na kijiti cha mdalasini na maganda ya limau moja, ukiyamenya kwa kisu kikali ili uchukue ile njano peke yake, maana weupe wa ndani ni mchungu na uchungu huo hauondoki kwa kuongeza sukari. Yakishachemka, funika uyaache robo saa yanywe harufu, kisha uyachuje.

Piga viini na sukari hadi rangi ipauke, na usiviache vimelaliwa na sukari huku unajibu simu, kwa kuwa hufanya chembechembe ngumu zisizoyeyuka tena. Tia wanga uliokoroga, kisha maziwa ya moto kidogo kidogo huku mkono mwingine ukikoroga, halafu rudisha vyote jikoni kwa moto wa wastani. Hapo usiache kukoroga, na mwiko ufike kwenye kona za sufuria, kwani ndiko mabonge yanakoanzia. Kwanza utaona povu jepesi, kisha povu litatoweka na mwiko utaanza kuwa mzito. Hapo ndipo ulipoogopa ukaepua. Safari hii ngoja viputo vikubwa vipasuke katikati, kimoja kimoja, kama vya uji, uendelee kukoroga dakika moja nzima, ndipo umimine katika vile vibakuli bapa vya udongo. Vikipoa, viingie friji kwa muda wa saa 4 au zaidi.

Sasa sukari. Unaikumbuka pudini ya mayai niliyokuwa nikikupikia ulipokuwa mdogo, ile yenye maji mekundu matamu? Hiyo ni ndugu wa flan ya Wahispania: sukari huunguzwa kwanza, humwagwa chini ya chombo, na baada ya kukaa chini ya maziwa na mayai yaliyoganda hulainika ikawa shira, ndiyo maana ukiipindua sahanini hutiririka. Sukari iliyounguzwa huvuta maji popote inapoyakuta. Katika flan tunaiombea ivute. Katika crema ikivuta, imeharibika. Mimi niliyajua haya kwa aibu. Niliwahi kuchoma vibakuli 40 saa saba mchana kwa ajili ya karamu ya saa tatu usiku, nikajiona nimejirahisishia kazi, na jioni mpishi mkuu akachovya kidole katika kimoja, akakinyanyua kinadondosha, akaondoka bila kusema neno. Afadhali angenifokea.

Kwa hiyo siku hiyo peleka vibakuli vikiwa vitupu juu, na sukari nyeupe uifunge pembeni. Mkishakula chakula kikuu, gusia uso wa krimu kwa karatasi ya jikoni uondoe unyevu, nyunyiza kijiko kimoja cha chai kilichojaa, zungusha bakuli sukari ienee, kisha choma. Tochi yako ya gesi inafaa, ila isitulie mahali pamoja. Kama mama mkwe wako anacho kile chuma cha duara chenye mpini mrefu, mwombe akufundishe, hata kama unajua: hukipasha juu ya moto wa gesi mpaka kiive hasa, hukigusisha kwenye sukari mara moja, kinalia chaa, moshi unapanda, na kinafutwa kabla ya kugusa kingine. Kwangu mimi kina harufu isiyopatikana kwa tochi, na kinanikumbusha makaa tunayoyaweka juu ya kifuniko cha mkate wa sinia. Fungueni dirisha. Ngojeni dakika 2 kabla ya kugonga kijiko, kwa kuwa sukari iliyoyeyuka huunguza ulimi kuliko mafuta.

Ute wa mayai 6 utakaobaki usiutupe; unakaa friji siku mbili tatu, na ukiukaanga na kitunguu utapata kifungua kinywa.

Mama yako