Kikundi cha vugo cha bibi yangu kilianza mwaka gani?

Swali: Bibi yangu, wa Langoni, Lamu, aliimba katika kikundi cha vugo (ngoma ya wanawake ya harusini) kilichovunjika zamani. Nataka kuandika historia yake. Nilicho nacho ni picha moja isiyo na tarehe, daftari la nyimbo kwa herufi za Kiarabu, kaseti moja, na wazee wanaobishana kama kilianza kabla ya Uhuru au baadaye. Nianzie wapi?

Jibu: Anza na maharusi, dada yangu. Nyaraka za serikali ziache kwanza.

Kila mara kikundi kiliposhika pembe na vijiti palikuwa na harusi, na harusi mara nyingi ina cheti. Pwani yetu ndoa za Kiislamu zimeandikishwa tangu enzi ya Mwingereza, na cheti kina tarehe na majina. Kwa hivyo usimuulize mama mzee "kikundi kilianza lini?" Hilo halina jibu kichwani mwa mtu. Muulize, "Bi, harusini kwako vugo walipiga kina nani?" Atakujibu kabla hujamaliza, na atakwambia ni nani aliyepotoa wimbo usiku ule. Kisha omba kwa adabu kuona cheti. Kama kimepotea, muulize alijifungua kifungua mimba lini, uangalie cheti cha mtoto.

Ukipata maharusi kumi hivi, wapange kwa tarehe. Wa kwanza aliyeimbiwa na kina bibi yako anakupa mwaka ambao kikundi tayari kilikuwapo. Halafu tafuta harusi iliyotangulia kidogo, ya dada au binti wa mwanakikundi, ambayo vugo lilipigwa na watu wengine. Hapo una mpaka wa upande wa pili. Ukiandika "kati ya harusi hii na ile" umeandika kitu kinachoweza kutetewa. Mwaka mmoja ulio peke yake, uliotoka kwa mzee mmoja, siutaki.

Waulize na wapinzani. Kama kikundi chenu kilikuwa cha Langoni, nenda Mkomani, mtaa wa pili. Mtu husahau siku aliyoshinda, ila siku aliyotolewa wimbo wa mafumbo mbele ya watu haimtoki.

Sasa tarehe zenyewe, maana hapa ndipo wengi huanguka. Ukikuta mwaka wa Hijria, usiugeuze mwaka kwa mwaka. Mwaka 1383 ulianza Mei 1963 ukaisha Mei 1964, na Uhuru wa Desemba umo katikati, kwa hivyo ubishi wa wazee wako unaweza kuwa wote ndani ya mwaka mmoja. Mwezi ndio unaoamua. Mfungo Sita, mwezi wa maulidi, wa mwaka huo uliangukia Julai na Agosti 1963: kabla ya Uhuru. Mfungo Tatu wa 1383 uliangukia Aprili na Mei 1964: baada yake. Ukihesabu kwa vidole utaona Tatu inatangulia Sita, kwa sababu sisi tunahesabu kuanzia Ramadhani inapokwisha, lakini mwaka wa Hijria unaanzia Mfungo Nne, yaani Muharram. Hilo limenitoa jasho zaidi ya mara moja.

Na usiku. Niliwahi kuandika kwamba mama mmoja amekosea kwa kuwa alisema harusi ilikuwa usiku wa Ijumaa, na mwenzake akasema Alhamisi. Wote wawili walikuwa sawa. Kwetu siku mpya huingia jua likizama, na usiku wa Ijumaa ndio Alhamisi jioni. Ilinibidi nirudi kumwomba radhi, na akanicheka.

Picha: chukua kioo cha kukuzia utazame leso. Kikundi kilichovaa sare kimevaa leso ya toleo moja, na jina la leso (maneno yaliyochapwa juu yake) likisomeka, hata nusu, waonyeshe wanawake wa umri huo. Wengi hukumbuka leso ile ilipoingia madukani, hivyo unajua picha haiwezi kuwa ya kabla ya hapo. Geuza pia nyuma ya picha, kuna mihuri ya studio na hesabu za penseli.

Daftari usilisome peke yako. Herufi za Kiarabu mara nyingi hazitenganishi e na i, wala o na u, na p huandikwa kama b. "Pembe" itasomeka "bimbi", na wewe utaanza kutafuta maana yake. Msomee bibi kwa sauti, naye atakusahihisha kwa kuuimba. Akisema "mato" andika "mato", usiandike "macho". Kiamu, lahaja ya Lamu, ni dalili kwamba wimbo huenda ulizaliwa hapa.

Ukiwa na tarehe zako ndipo uende Nairobi, Nyaraka za Taifa, Moi Avenue, uombe ripoti za mwaka za wilaya ya Lamu na mafaili ya miaka hiyo. Tafuta neno "ngoma" tu. Maafisa wa kikoloni mara nyingi hawakujisumbua kutenganisha vugo na lelemama, ngoma nyingine ya wanawake. Msajili wa Vyama mwache mwisho, vikundi vya harusini huenda havikujiandikisha.

Nyimbo za mafumbo zinazomtaja mtu aliye hai, au mama wa mtu aliye hai, zihifadhi bila kuzitoa. Lamu ni ndogo.

Kaseti usiitie redioni leo. Vunja kwanza vijimeno viwili vya nyuma ili isirekodiwe juu, uizungushe kwa kalamu taratibu mpaka mwisho na kurudi, uangalie kama kile kisponji kidogo cha kati bado kimeshika. Kikiwa kimeng'oka, mpe fundi ahamishie utepe kwenye ganda jingine la skrubu. Irekodi kwenye kompyuta kwa WAV, isiwe MP3, na mara ya kwanza inapocheza bibi awe amekaa kando yako, simu yako ikimrekodi na yeye.