Kisanduku kimoja au vyote viwili?

Ndugu, umeuliza kwa nini wanafalsafa wanagawanyika juu ya fumbo la Newcomb, alilolichapisha mwanafalsafa Robert Nozick mwaka 1969. Mbele yako kuna visanduku viwili, nawe unachagua: kilichofungwa peke yake, au vyote viwili. Kisanduku cha wazi kina dola 1,000. Kilichofungwa kina dola 1,000,000 ikiwa mtabiri hodari alibashiri jana kwamba utachukua hicho tu. Vinginevyo ni kitupu.

Wanaofuata ushahidi, yaani wanaotazama chaguo lako linaashiria nini, husema chukua kilichofungwa tu, maana wafanyao hivyo ndio hutoka matajiri. Wanaofuata usababishi, yaani wanaotazama chaguo lako linasababisha nini, hujibu: fedha zimeshawekwa, mkono wako wa leo haugeuzi ya jana, beba vyote. Mimi niko na hawa wa pili. Lakini tukiulizwa, "Mbona mnatoka na elfu moja tu?", kusema kwamba mtabiri anawatuza wasio na busara ni jibu sahihi, ila bado halinitulizi.