Maswali ya wasomaji: Sleng Teng na kinanda chake

SWALI: Nimepata Casio MT-40 ya zamani. Naambiwa ridimu ya Sleng Teng, ule mdundo wa rege wa Jamaika unaoimbiwa nyimbo nyingi, imo humo ndani, lakini nikiwasha midundo nasikia ngoma tupu. Nakosea wapi?
Mpiga kinanda, Mombasa

JIBU: Imo. Weka swichi ya midundo kwenye "rock", bonyeza "synchro", kisha kitufe cha besi cha D, cha pili kutoka kushoto. Synchro huzifanya ngoma zisubiri mpaka uguse besi, vianze pamoja. Ukiiruka, ngoma hutangulia peke yake.

Ukishaipata, ukiona inakimbia kuliko santuri ya "Under Mi Sleng Teng" ya Wayne Smith, usidhani kinanda kimeharibika. Mdundo huo Hiroko Okuda wa Casio aliuunda kama wa roki. Mwishoni mwa 1984 ulifika studio ya prodyuza King Jammy, Kingston, Jamaika. Akaupunguza kasi na kuuoanisha na sauti ya Wayne Smith, kisha vikaongezwa vyombo vingine. Kazi hiyo ndiyo iliyougeuza kuwa ridimu, na haimo ndani ya kinanda chako. Basi cheza santuri, punguza tempo kidogo kidogo mpaka besi zikutane, na usitarajie sauti zioane zenyewe.

SWALI: Zaidi ya "Under Mi Sleng Teng", nani wengine waliimba humo? Na kuimba juu ya mdundo wa mwenzio si wizi?
Msomaji, Tanga

JIBU: Anza na "Pumpkin Belly" ya Tenor Saw, "Buddy Bye" ya Johnny Osbourne na "Call the Police" ya John Wayne. Wote walirekodi kwa Jammy, kwa hiyo hakuna aliyeibiwa. Ndiyo desturi ya Jamaika: prodyuza mwenye ridimu huwaita waimbaji kadhaa, kila mmoja na maneno yake. Hata upande wa pili wa santuri ya inchi 7 mara nyingi huachwa ala tupu, ili didijei wa mtaani aghani juu yake.

Mtaani ndiko Sleng Teng ilikozinduliwa: tarehe 23 Februari 1985, Waltham Park Road, Kingston, mitambo ya muziki ya Jammy ikishindana na ya wapinzani wake, Black Scorpio.

SWALI: "Ring the Alarm" nayo ni Sleng Teng?
Msomaji, Nairobi

JIBU: Hapana. Mwimbaji ni yuleyule Tenor Saw, lakini ridimu ni Stalag ya Winston Riley, iliyopigwa na bendi miaka ya 1970. Ukiijua "Bam Bam" ya Sister Nancy, unaijua Stalag.