Mmetuuliza: Kazi ya mkimbiaji wa marathon

Barua za mwezi huu zimetoka Kayole, Ngong, Rongai, Githurai na Embakasi, na karibu zote zinahusu mbio ndefu: nani aingie marathon na lini, pesa hugawanywa vipi, dawa gani ni za hatari. Tumejibu kwa urefu pale ambapo kosa moja linaweza kumgharimu mwanariadha miaka.

SWALI: Nina miaka 19 na nafanya mazoezi Karura. Mwaka huu nimekimbia nusu marathon hapa Nairobi kwa dakika 64. Kuna mtu aliye Ulaya anayesema atanipeleka marathon ya mji mdogo ambapo mshindi hupewa euro 2,000. Kocha amekataa. Nimsikilize nani? – Kijana wa Kayole

JIBU: Msikilize kocha wako, kijana. Katika mashindano ya Shirikisho la Riadha Duniani, anayekimbia marathon lazima awe ametimiza miaka 20 kufikia Desemba 31 ya mwaka huo. Waandalizi wa mbio za miji wana kanuni zao, lakini mwili haujui mipaka ya nchi. Pumzi hujengeka haraka kuliko mifupa na kano. Unaweza kuwa na mapafu ya kilomita 42 huku muundi na kano ya kisigino havijawa tayari kupokea hatua zaidi ya 20,000 kwenye lami.

Dakika 64 si haba. Nairobi iko takriban mita 1,800 juu ya usawa wa bahari, hewa ni nyepesi, na kwa juhudi ileile ungepata muda bora kwenye barabara tambarare ya mji wa pwani. Hata hivyo, Kenya ina wanaume wengi wanaokimbia chini ya dakika 61, na meneja wa kuaminika hatakutafuta kabla hujakaribia hapo. Piga hesabu ya safari hiyo pia. Euro 2,000 ni za mshindi. Ukiondoa tiketi, viza na malazi, wa nne anarudi nyumbani na deni.

Tazama walikopita wakubwa. Eliud Kipchoge alishinda mita 5,000 katika Mashindano ya Dunia ya Paris mwaka 2003 akiwa na miaka 18, mbele ya Hicham El Guerrouj na Kenenisa Bekele. Akaendelea uwanjani kwa karibu miaka 10, akapata shaba Athens 2004 na fedha Beijing 2008. Alipokosa nafasi katika timu ya Olimpiki ya 2012 ndipo alipohamia barabarani: nusu marathon ya Lille kwa 59:25, kisha marathon yake ya kwanza, Hamburg Aprili 2013, kwa 2:05:30. Rekodi ya dunia ya 2:01:39 ilikuja Berlin 2018, na ile ya 2:01:09 Berlin 2022, akiwa na miaka 37. Hellen Obiri naye alikuwa bingwa wa dunia wa mita 5,000 mwaka 2017 na 2019 kabla ya kujaribu marathon New York 2022, ambako alimaliza wa sita. Aprili iliyofuata akashinda Boston.

Vijana wengi hututajia Kelvin Kiptum, kwamba hakulelewa na uwanja. Ni kweli, lakini hakuruka ngazi. Alikimbia nusu marathon kwa miaka kadhaa, 59:54 Lisbon 2019 na 58:42 Valencia 2020, kisha marathon ya kwanza Desemba 2022, siku mbili baada ya kutimiza miaka 23: 2:01:53. Miezi 10 baadaye alikimbia 2:00:35 Chicago, nusu ya kwanza kwa 60:48 na ya pili kwa 59:47. Kocha wake, Gervais Hakizimana, alieleza kwamba kijana huyo alikuwa akikimbia kilomita 250 hadi 280 kwa wiki, na alihofia kwamba mazoezi hayo yangefupisha miaka yake ya kushindana. Ajali ya Februari 2024 iliwaua wote wawili, na uchungu wa hilo haujatutoka.

Kwako wewe, tenga miaka 2. Kuanzia mwisho wa mwaka, kimbia mbio za nyika za Riadha Kenya. Hazina pesa nyingi, lakini makocha wa Jeshi, Polisi na Magereza huja kutafuta vijana huko, na ajira hiyo ina mshahara hata mwezi ambao umeumia. Paul Tergat alikuwa mwanajeshi wa anga, Catherine Ndereba askari magereza, Obiri mwanajeshi. Kisha mita 10,000 uwanjani, Nyayo au uwanja wa Ulinzi pale Lang'ata. Nusu marathon ziwe mbili au tatu kwa mwaka, basi. Kama sasa unakimbia kilomita 110 kwa wiki, ongeza kilomita 5 hadi 10 kila wiki kwa wiki tatu, na ya nne upunguze robo nzima. Ukiamka asubuhi na kisigino kinakaza hatua za kwanza kitandani hadi mlangoni, hiyo ni kano inalalamika: acha milima ya Ngong na mazoezi ya kasi kwa siku chache, kimbia polepole mahali tambarare. Wanaoendelea kusukuma ndio hupoteza miezi sita.

Na pasipoti yako ikae kwako. Mtu akitaka aihifadhi yeye "kwa usalama", achana naye.

SWALI: Kwa nini bingwa hukimbia marathon mbili tu kwa mwaka, na miezi mingine anafanya nini? – Msomaji wa Ngong

JIBU: Kilomita 42 kwa kasi ya chini ya dakika 3 kwa kila kilomita huchana nyuzi za misuli, hasa za mapaja, na maumivu huisha mapema kuliko jeraha lenyewe. Wiki mbili hadi tatu za kwanza ni za kupumzika na kukimbia kidogo. Baadaye huja mwezi mmoja au zaidi wa kurudisha msingi, kisha wiki 12 hadi 16 za maandalizi kamili. Ukijumlisha, nusu mwaka imekwisha.

Wiki ya Kaptagat, kambi ya Kipchoge chini ya kocha Patrick Sang, inajulikana sana: Jumanne uwanjani kwa mizunguko ya kasi, Alhamisi mbio ndefu ya kilomita 30 wiki hii na 40 wiki ijayo, Jumamosi fatleki, kwa mfano dakika 3 za kasi na 1 ya polepole mara 13. Siku nyingine ni polepole, mara nyingi asubuhi na jioni. Jumla ni kilomita 200 hadi 220. Wanaoiga wiki hiyo huiga Jumanne na Alhamisi, na kusahau kwamba Jumatatu mabingwa hao hukimbia polepole hadi mgeni anaweza kuwafuata. Kundi linalogeuza kila mazoezi kuwa mashindano hufika siku ya mbio limechoka.

SWALI: Nasoma kwamba mshindi wa Chicago hupata dola 100,000. Kwa nini wanariadha wengi hawaonekani na utajiri huo? – Mama wa mkimbiaji, Embakasi

JIBU: Mama, tuhesabu pamoja. Chicago imekuwa ikimlipa mshindi dola 100,000 na Boston 150,000. Marekani hukata asilimia 30 ya zawadi ya mwanariadha mgeni, na baadhi ya majimbo hudai yake. Kwa hiyo kati ya 100,000 zinabaki 70,000. Meneja kwa kawaida huchukua asilimia 15. Hapa ndipo mkataba husomwa kwa makini: asilimia 15 ya kiasi kizima ni dola 15,000, ya kilichobaki baada ya kodi ni 10,500. Neno moja kwenye karatasi ni dola 4,500. Toa sehemu ya kocha kama mlivyokubaliana, lishe, tiba ya misuli na kodi ya nyumba karibu na kambi, na uone kilichobaki. Huyo ni mshindi. Wa sita hupata sehemu ndogo sana ya hapo.

Tena pesa hazifiki wiki ijayo. Waandalizi husubiri majibu ya vipimo vya pufya, yaani dawa za kuongeza nguvu zilizokatazwa, na mara nyingi hupita miezi kadhaa. Wengi hununua shamba au gari kwa mkopo katika kipindi hicho, wakiamini hundi iko njiani. Tunasikitika kila tunapoona jambo hilo kwa sababu linaepukika.

Mapato ya bingwa yana mafungu mengine: malipo ya kujitokeza mbioni, bonasi ya muda, na mkataba wa kampuni ya viatu. Huo wa viatu ndio unaolipa kila mwaka, na ndio wenye mitego. Uliza malipo hupunguzwa kwa kiasi gani mwanao asipokimbia mashindano kadhaa kwa sababu ya jeraha. Akaunti ya benki iwe kwa jina la mwanariadha, taarifa za kila malipo zije kwake kwa maandishi, na stakabadhi za kodi iliyokatwa ng'ambo zihifadhiwe. Mhasibu anaweza kuwasilisha hesabu Marekani na kudai sehemu iliyozidi baada ya kuonyesha gharama.

SWALI: Goti limeniuma wiki mbili na daktari wa mtaani anataka kunichoma sindano. Mbio ni baada ya wiki tano. – Dada wa Githurai

JIBU: Dada, kabla ya sindano uliza jina la dawa, liandikwe. Sindano nyingi za maumivu ya viungo ni za jamii ya kotikosteroidi, na tangu Januari 1, 2022 sindano zote za jamii hiyo zimepigwa marufuku wakati wa mashindano, kipindi kinachoanza saa 5:59 usiku wa kuamkia siku ya mbio. Triamsinoloni ndiyo imewaponza wengi. Ikidungwa kwenye kiungo, muda wa kusafika mwilini unaoshauriwa ni siku 10. Ikidungwa kwenye msuli, kama takoni, ni siku 60. Wiki zako tano ni siku 35. Dawa ileile, mahali pengine pa kudunga, na kazi yako imesimama.

Mweleze daktari kwamba wewe hupimwa, tunza karatasi zote, na uwasiliane na ADAK, shirika la Kenya la kupambana na pufya. Kuna kibali cha kutumia dawa iliyokatazwa kwa sababu ya matibabu, lakini kwa kawaida huombwa kabla ya dawa kutumika. Usimeze vidonge vya mtu mwingine nyumbani hata vya kawaida. Haidroklorothiazidi ni dawa ya presha inayopatikana katika maduka mengi ya dawa, na ndiyo iliyopatikana katika sampuli ya Ruth Chepngetich ya Machi 2025, akafungiwa miaka 3. Rekodi yake ya 2:09:56 ya Chicago 2024 ilibaki kwa kuwa ilitangulia sampuli hiyo.

Ukiingia kwenye orodha ya wanaopimwa, utaandika kila siku saa moja, kati ya saa 11 alfajiri na saa 5 usiku, utakapopatikana. Ukiandika Githurai kisha ukalala Iten bila kubadilisha taarifa, umehesabiwa kosa. Makosa matatu ndani ya miezi 12 ni kufungiwa kushindana, hata kama mkojo wako ni safi.

SWALI: Nina miaka 26 na nataka mtoto. Nitarudi? – Rongai

JIBU: Wamerudi wengi, na kwa kishindo. Ndereba alijifungua 1997, akashinda Boston mwaka 2000 na kuweka rekodi ya dunia ya 2:18:47 Chicago 2001. Peres Jepchirchir alijifungua 2017. Mwaka 2020 aliweka rekodi ya nusu marathon ya mbio za wanawake pekee, 1:05:16, na 2021 akatwaa dhahabu ya Olimpiki.

Usikimbilie mazoezi kabla ya takriban wiki 12 baada ya kujifungua, na ukifanyiwa upasuaji ongeza. Anza kwa kutembea na kuimarisha misuli ya nyonga. Pima damu na akiba ya madini ya chuma. Ikiwa chini, mazoezi ya kasi hayatakuzalia kitu. Usijitangaze kustaafu rasmi ili tu ukwepe vipimo wakati wa ujauzito, kwa sababu anayestaafu lazima atoe taarifa na awe tayari kupimwa kwa miezi 6 kabla ya kurudi mashindanoni.

SWALI: Mbona 2:03:02 ya Geoffrey Mutai, Boston 2011, haikuwa rekodi ya dunia? – Ngong

JIBU: Njia ya rekodi hairuhusiwi kushuka zaidi ya mita 1 kwa kila kilomita, na umbali wa moja kwa moja kati ya mwanzo na mwisho usizidi nusu ya mbio. Boston ni ya upande mmoja na hushuka zaidi ya mita 130. Ile 1:59:40 ya Kipchoge huko Vienna 2019 ilikosa kwa sababu tofauti: waweka kasi, yaani wakimbiaji wanaoongoza mwendo kwa ajili ya wengine, walikuwa wakipokezana, na hazikuwa mbio za wazi.

SWALI: Nimeitwa kuweka kasi hadi kilomita 30. Ni kazi ya heshima? – Kayole

JIBU: Ndiyo, na hulipa vizuri kwa anayekimbia kwa usawa. Kasi ya 2:55 kwa kilomita inakufikisha kilomita 30 kwa saa 1:27:30. Ukikimbia kilomita moja 2:50 na inayofuata 3:00, wastani ni uleule lakini umewachosha unaowaongoza, nao hawatakuita tena. Fanya mazoezi ya kilomita 15 ukilenga tofauti isiyozidi sekunde 2 kila kilomita, bila kutazama saa kila hatua.

Mweka kasi pia anaweza kumaliza. Simon Biwott alishinda Berlin mwaka 2000 akiwa ameitwa kuongoza, na mwaka 2003, Tergat alipoweka rekodi ya 2:04:55, mweka kasi Sammy Korir alikuwa sekunde 1 nyuma yake. Mkataba wako ueleze kama unaruhusiwa kuendelea, na kama ukimaliza utalipwa zawadi ya nafasi pamoja na malipo ya kuongoza. Kama haukusema, uliza kwenye kikao cha wanariadha siku moja kabla ya mbio, upate jibu kwa maandishi.