Re: Gani Fawehinmi alishinda kesi gani hasa?

Mkuu, umeuliza kama Gani Fawehinmi, wakili wa Nigeria, aliwahi kushinda kesi ya maana au alikuwa mtu wa kelele na kufungwa tu. Alishinda, tena ushindi wake mkubwa ulianzia kwenye kipengele kidogo cha utaratibu.

Mwanahabari Dele Giwa aliuawa kwa bomu la barua Lagos, Oktoba 1986. Gani, wakili wake, alitaka kuwashtaki mwenyewe maofisa wawili wa usalama. Sheria ya Lagos iliruhusu raia kushtaki, ila lazima kwanza Mkurugenzi wa Mashtaka aandike kwamba ameiona hati ya mashtaka na hataki kuendesha kesi. Mkurugenzi hakutoa uamuzi, na hapo ndipo kesi nyingi za aina hii hufia. Gani akaomba amri ya kumlazimisha aamue. Mahakama za chini zikamkatalia. Mahakama ya Juu, 1987, ikasema jinai inamhusu kila raia, kwa hiyo Gani ana haki ya kufungua shauri. Mashtaka yenyewe hayakufika popote, lakini kanuni ilibaki.

Ya pili: Januari 1996 alikamatwa bila hati ya kukamatwa, akaenda mahakamani. Mwaka 2000 Mahakama ya Juu ikatamka kwamba Mkataba wa Afrika wa Haki za Binadamu na Watu, ukishaingizwa kwenye sheria za nchi, unazizidi sheria za kawaida, ingawa uko chini ya katiba. Wengi huinukuu wakisahau hilo la mwisho.

Uwakili Mwandamizi, cheo cha juu cha mawakili Nigeria, alipewa 2001, kwa kuchelewa mno. Alifariki Septemba 2009.